Wanyoosha Mitutu wa Mattanuck

Baba yangu na ba'mdogo Ludwik walikaa benchi moja kwa miaka mingi kuliko ambayo wengi wetu hukaa katika ndoa. Benchi lenyewe lilikuwa ghorofa ya tatu ya Karakana, chini ya dirisha kubwa la upande wa kaskazini, kwa sababu mwanga wa kaskazini hauchezicheji. Kwenye kioo cha dirisha kulikuwa na uzi mweusi uliovutwa ukakaza. Walichukua mtutu wa bunduki uliotoka kutobolewa, wakauelekeza kwenye ule uzi, wakafumba jicho moja na kuchungulia. Ndani ya chuma kilichong'aa, kivuli cha uzi kililala kama mstari. Mstari ukinyooka, mtutu umenyooka. Ukipinda hata kidogo tu, waliuweka mtutu kwenye kibano, wakazungusha gurudumu la juu kwa mkono, wakaubonyeza, wakachungulia tena. Kutwa nzima. Hakukuwa na kipimo kingine zaidi ya jicho.

Jina rasmi la mahali pale lilikuwa Kampuni ya Silaha ya Pruden, ila hapa Mattanuck hakuna mtu aliyelitumia. Tulisema Karakana, basi. Mimi mwenyewe niliingia nikiwa na miaka kumi na minane, kitengo cha vitako vya bunduki, ambako tulikuwa wanawake peke yetu tukichonga kwenye mbao vile vimistari vinavyokatana ili mkono wa mwindaji usiteleze. Saa ya chakula nilipanda juu kula na baba na ba'mdogo. Mama alifunga mkate na soseji za watu watatu kwenye karatasi moja, na ugomvi wa nani kapata kipande kikubwa ulianza kabla karatasi haijafunguliwa.

"Halina, mama yako ananipendelea mimi," ba'mdogo angesema. "Tazama hiki."

"Hicho ni changu, Lu. Rudisha."

"Kaka, wewe una tumbo. Mimi nina njaa. Ni vitu viwili tofauti."

Ndiyo maisha niliyoyakuta, nikadhani hayatakwisha.

Kila aliyefanya kazi pale alijua historia ya Karakana kama anavyojua ya ukoo wake. Mzee Asahel Pruden alikuwa fundi makufuli aliyejenga kwenye maporomoko ya mto ili maji yamzungushie gurudumu. Vita vya Kaskazini na Kusini vya Marekani vilipozuka, serikali ilitaka bunduki upesi, naye akaona kwamba kufuli na kitasa cha bunduki havitofautiani sana. Vita vilipokwisha nusura Karakana ife. Aliyeiokoa ni mwanawe, aliyetoa bunduki fupi nyepesi yenye wenzo chini ya kifyatulio: unapiga, unashusha wenzo kwa vidole, unaupandisha, uko tayari tena. Vitabu vya kampuni viliipa namba. Watu waliiita Pruden Ndogo. Wachunga ng'ombe wa Magharibi waliichomeka kwenye ala ubavuni mwa farasi, na wakulima wa Vermont waliitundika nyuma ya mlango wa jikoni. Ilifika pia kwenye mikono iliyoua watu bila sababu, hilo nalo lilijulikana, na baba alipoulizwa alisema, "Mimi nilinyoosha mtutu. Nani aliuelekeza wapi, hilo nalibeba kanisani."

Babu yangu Walenty Kosiba alishuka melini kutoka Poland akijua maneno mawili tu ya Kiingereza, na moja lilikuwa Pruden. Walimpa ufagio, baadaye wakampa mtutu. Yeye ndiye aliyewafundisha wanawe wote wawili kuchungulia. Wakati wa vita vya Hitler mashine hazikuzimwa usiku wala mchana, na jiji zima lilinuka mafuta ya kukatia chuma. Mama alisema ukimkumbatia mwanamume wa Mattanuck miaka ile, gauni lazima ulifue mara mbili.

Baadaye wakaja wenye mali wapya kutoka New York, watu waliouza pia mafuta ya kupikia na viatu vya kuteleza kwenye barafu. Walitazama Pruden Ndogo wakaona vyuma vingi vya kufua, kazi nyingi ya mkono. Wakaagiza baadhi ya sehemu zikatwe kwa bati la kukandamizwa. Haikupita miaka mingi wawindaji wakawa wakiingia dukani wanauliza, "Hii ni ya zamani au mpya?" Wakiambiwa mpya, wanairudisha juu ya meza taratibu kama mtu anayerudisha samaki asiyemwamini.

"Inacheza kama kopo la maharage," baba alisema siku alipoitikisa ya kwanza.

"Kopo la maharage lina maharage ndani," ba'mdogo akajibu.

Mitutu tu ndiyo haikuguswa. Bado ilipanda ghorofa ya tatu, bado ilipita mbele ya macho ya wale wawili.

Kisha ukaja mgomo. Ulianza vuli, na Januari ulikuwa bado unaendelea. Tulisimama getini kwa zamu, mapipa ya moto yakiwaka, sisi wanawake tukigawa kahawa na donati. Baba alikuwa mwakilishi wa chama cha wafanyakazi kwa ghorofa yetu. Sauti yake ilikuwa imekauka kwa kupiga makelele.

Mke wa ba'mdogo, Concetta, au Tina kwa kifupi, ambaye mimi nilimwita mama Tina, alikuwa ameugua saratani ya damu. Mwitaliano, mdogo wa umbo, mcheshi, aliyekuwa akimwita mumewe "Mpolandi wangu wa bahati mbaya". Matibabu yake yalitegemea bima ya Karakana, na kampuni ilikuwa imekata bima ya kila mgomaji.

Wavunja mgomo wengine waliingizwa kwa basi lenye mapazia. Ba'mdogo alikuja kwa miguu, asubuhi kweupe, kopo lake la chakula mkononi. Nilimwona tangu kwenye kona ya duka la mikate, nikaomba Mungu awe anakuja kunywa kahawa.

Baba alitembea kumpokea. "Lu, umepotea njia. Donati ziko upande huu."

"Kaka, nipishe."

"Unakwenda wapi?"

"Unajua ninakokwenda."

"Sijui. Niambie wewe, nikusikie kwa masikio yangu."

Ba'mdogo aliweka kopo chini kwenye theluji. "Tina ameanza dawa mpya. Zinafanya kazi, Kaka. Juzi kala yai zima. Hospitali wanasema bila bima wanasimamisha."

"Chama kitachanga. Nimekwambia kitachanga!"

"Chama kimechanga supu. Saratani hainywi supu."

Mtu nyuma yetu akapiga ukelele, "Msaliti!" na kikombe cha kahawa kikaruka kikampata ba'mdogo begani. Baba aligeuka, akamkamata yule mtu ukosi wa koti na kumsukuma hadi kwenye ukuta. "Huyu ni ndugu yangu! Akitukanwa, nitamtukana mimi!" Halafu akarudi mbele ya ba'mdogo, akihema, na machozi yakimtiririka, labda kwa baridi tu. "Lu. Ukivuka geti hili, mimi sikujui. Mbele ya hawa wote nasema. Sikujui."

Ba'mdogo aliokota kopo lake, akajipangusa kahawa begani, akavuka.

Mgomo uliisha majira ya kuchipua, nusu tumeshinda na nusu tumeshindwa, na sote tukarudi kazini. Msimamizi wetu, Mwairish aitwaye Desmond Keogh, alipanda juu akiwa na wasiwasi wake. "Ziggy," alimwambia baba, "kuna nafasi chini kwenye maghala. Ukitaka..."

"Mwanga uko hapa," baba alisema. "Sihami."

"Ludwik, je, wewe?"

"Mwanga uko hapa," ba'mdogo alisema.

Basi wakakaa. Kiwiko kwa kiwiko, benchi lile lile, wala neno. Baba akitaka kitambaa kilicho upande wa pili, ananingojea mimi saa ya chakula. "Halina, mwambie jirani anipe kitambaa."

"Baba, yupo hapo. Kiwiko chako kinamgusa."

"Nimesema umwambie."

"Ba'mdogo, baba anaomba kitambaa."

"Mwambie baba yako nimemsikia. Sina uziwi."

Watu walikuja kuwatazama kama sinema. Ila mimi, niliyekuwa nakula pale kila siku, niliona jambo ambalo wengine hawakuliona. Kuna mitutu inayosumbua, ambayo jicho moja linasita. Tangu zamani desturi yao ilikuwa mmoja akisita, anampa mwenzake. Desturi hiyo haikufa. Baba alisukuma mtutu mezani bila kugeuza kichwa. Ba'mdogo aliuinua, akachungulia, akaurudisha: mdomo ukielekea dirishani, maana yake uko sawa; ukielekea mlangoni, ubonyeze tena. Hawakubishana hata mara moja. Walikuwa wamekataa kusema, lakini kila mmoja aliendelea kuliamini jicho la mwenzake kuliko lake mwenyewe.

Nyumbani mama alikataa kabisa kuingia katika uhasama ule. "Mimi sikugoma na sikuvunja mgomo," alisema, "mimi napika." Kila Jumapili alipeleka sufuria kwa mama Tina kupitia mlango wa nyuma, na baba alijifanya anasoma gazeti.

Mama Tina aliishi miaka minne baada ya asubuhi ile ya getini. Miaka mizuri, alipanda nyanya, alimwona binti yake akiolewa. Kisha dawa zikashindwa. Kwenye mazishi, baba alikaa benchi la mwisho kabisa, akatoka kabla watu hawajaanza kupeana mikono. Mama alikasirika hata akamnyima chakula cha jioni.

Siku ba'mdogo aliporudi kazini, alikuta rafu yake ya mitutu imejaa, na yote imekwisha kunyooshwa. Kazi yake ya siku nzima. Desmond alininong'oneza kwamba baba alikuwa amefungua mlango wa ghorofa kabla hata mashine hazijawashwa. Ba'mdogo alisimama muda mrefu mbele ya ile rafu. Akachomoa mtutu mmoja, akachungulia, akausukuma mezani kwa baba, kana kwamba ameutilia shaka. Baba naye akachungulia, muda mrefu ajabu, kisha akaurudisha, mdomo ukielekea dirishani. Nilishuka ngazi nikijifuta macho na aproni yenye vumbi la mbao.

Nilidhani huo ndio mwanzo wa kupatana. Haukuwa.

Karakana ilifungwa miaka kadhaa baadaye. Wenye mali waliuza jina la Pruden kwa watu wengine mbali huko, na mashine zikauzwa moja moja. Alasiri ya mwisho tulitoka sote kwa geti kubwa, wengine wakipiga picha, wengine wakiwa wamelewa tayari. Baba alishika njia ya kushoto, ba'mdogo ya kulia. Hapo ndipo nilipoelewa tulichopoteza. Hakukuwa tena na mtutu wa kusukumiana. Kimya chao sasa kilikuwa kimya kweli.

Baba alizeeka haraka. Alikaa jikoni akitazama ndege. Wakati mwingine nilimkuta ameshika bomba la mpini wa ufagio mkononi, brashi ameichomoa, anachungulia ndani yake kuelekea dirishani.

"Vipi?" nilimuuliza.

"Limepinda kama mguu wa mbwa," alisema. "Aibu tupu."

Jambo moja tu lilibaki: kulungu. Kila Novemba wale ndugu walipanda Kilima cha Dubu kuwinda, kama walivyofundishwa na babu. Tangu mgomo, baba alipanda kwa upande wa machimbo ya mawe, ba'mdogo kwa upande wa kijito. Walikuwa wamegawana kilima bila kuzungumza. Baba alibeba Pruden Ndogo ya babu, iliyokuwa na umri mkubwa kuliko yeye. Mbao ya kitako ilikuwa imekuwa nyeusi kwa mikono ya watu wawili.

Mwaka huo mume wangu, ambaye kwa kawaida alimsindikiza, alikuwa kitandani na mafua makali. Nilimwambia baba asiende peke yake. Aliniambia nikaoshe vyombo. Mchana, akivuka gogo lenye barafu, aliteleza na mguu ukavunjika chini ya goti. Alilala pale kwenye theluji, upepo ukiongezeka, na baada ya kupiga kelele hadi akachoka, alipiga risasi tatu hewani kwa mfululizo, ile ishara ya mwindaji aliyepatwa na shida.

Yaliyofuata nimeyasikia kwa baba na kwa ba'mdogo, kila mmoja akiyapamba kidogo, lakini wanakubaliana katika mambo makubwa.

Kilimani kulikuwa na wawindaji wengine. Risasi siku ya kulungu si habari, hakuna aliyeinuka. Ila ba'mdogo, upande wa pili wa bonde, aliinuka. Bunduki za siku hizi zina mlio mkali kama mlango wa chuma. Pruden Ndogo inakohoa. Alisikia kile kikohozi, na akasikia nafasi kati ya kikohozi na kikohozi, vidole vya mtu anayeshusha wenzo polepole kwa sababu ya baridi yabisi, na akajua ni nani. Akashuka bonde na kulipanda, mzee wa miaka karibu sabini, akianguka na kuinuka.

"Nani huyo anayenifukuzia kulungu?" alipiga kelele alipoliona koti la mwindaji la rangi ya machungwa.

Baba alinyanyua kichwa. Tangu asubuhi ile ya getini hawakuwa wamesemezana. "Mtu aliyevunjika mguu."

"Upi?"

"Unauliza upi? Ulio kando na mwingine! Njoo utazame."

Ba'mdogo alipiga magoti. Mguu ulikuwa umepinda vibaya. Alichukua Pruden Ndogo, akaitoa risasi zote, akaiweka kando ya mguu kuanzia pajani hadi kwenye kifundo, akavua mkanda wake.

"Lu, hiyo ni bunduki ya babangu!"

"Ni ya babangu pia. Na ndicho kitu pekee kilichonyooka kilima kizima. Uma kitu."

"Usikwaruze kitako."

"Zyga," akamwita kwa jina la utotoni, "uma kitu!"

Akafunga. Baba alipiga ukelele ambao, kwa maneno ya ba'mdogo, uliwafukuza kulungu hadi Massachusetts. Kisha ba'mdogo akakata matawi ya msonobari, akayafunga kwa kamba ya kukokotea kulungu, akamlaza baba juu yake na kuanza kumvuta kuteremka. Walikwenda kidogo, wakapumzika kidogo. Katika mapumziko mojawapo, ba'mdogo akiwa ameegemea mti anatafuta pumzi, baba alisema akitazama mawinguni:

"Tina alipata miaka mingapi? Baada ya pale."

"Minne."

"Mizuri?"

"Alicheza na binti yake harusini. Mwenyewe ulisikia muziki, ulikuwa umesimama ng'ambo ya barabara. Nilikuona."

Theluji ilikuwa imeanza kushuka. "Basi ulifanya vizuri kuvuka lile geti," baba alisema. "Na mimi nilifanya vizuri kusimama pale. Nimefikiri miaka yote hii nipate nani alikosea, na simpati."

"Sikutaka uniambie nilifanya vizuri," ba'mdogo alisema. "Nilitaka uje nyumbani unywe kahawa. Alikuwa anakuwekea kikombe, yule mwanamke. Kila Jumapili. Mimi nakitoa, yeye anakirudisha."

Baba alifunika uso kwa kofia yake. Ba'mdogo alimwacha hivyo kwa muda. Halafu akaikamata kamba. "Haya, wewe ni mzito. Wakati unasusa umekula soseji zangu zote."

Waliwafikia watu barabarani giza likikaribia. Nilipofika hospitali nilimkuta ba'mdogo kwenye korido, amejaa matope na sindano za msonobari, akigombana na muuguzi aliyetaka kuichukua ile bunduki. Aliponiona alifungua mikono, nami nikaingia humo kama mtoto.

Majira yale ya baridi ba'mdogo alihamia kwetu "mpaka mguu upone". Mguu ulipona Machi, yeye hakuondoka. Alichukua chumba cha chini, akaleta mbegu za nyanya za mama Tina, na siku za Jumapili aliingia jikoni kwa mama kupika ule mchuzi wa Kiitaliano unaochemka kuanzia asubuhi.

Nakumbuka Jumapili moja hasa, kabla umri haujaanza kutuchukulia wazee wetu. Madirisha yalikuwa wazi, na wote wawili walikuwa mbele ya jiko.

"Umezidisha chumvi."

"Hujaonja."

"Naona kwa jicho."

"Jicho lako! Wewe uliwahi kupitisha mtutu uliopinda kama ndizi, Desmond akaurudisha mwenyewe!"

"Lini? Nitajie mwaka!"

"Kaka, usinifanye nitaje mwaka."

Mama alitoka nje barazani na bakuli la njegere, akaketi kando yangu, akashusha pumzi ndefu. Makelele ya jikoni yalisikika hadi kwa majirani.

"Mungu wangu," alisema akianza kumenya, akitabasamu peke yake. "Na mimi ndiye niliyewaombea wasemezane."